Shairi linakuwa filamu: dakika tatu za katuni na kazi iliyo nyuma yake

Katika shule nyingi za kwetu, shairi la Kifaransa ni kitu cha kusema kwa kichwa. Mwanafunzi anasimama mbele ya darasa, mikono mgongoni, anasema beti zote karibu pasipo kupumua, mwalimu anaandika pointi, kisha anaitwa mwingine. Akisahau neno moja anapoteza pointi. Akisema yote pasipo kuelewa hata kidogo, hakuna shida, pointi zake anazo. Ndivyo vizazi na vizazi walivyojifunza Prévert na Apollinaire, na wengi walipomaliza shule waliyaacha mashairi kulekule darasani.

Kule Ufaransa, mashairi hayohayo yamefanywa filamu fupi za katuni. Tangu mwaka 2014, televisheni ya taifa inaonyesha mfululizo unaoitwa En sortant de l'école, jina lililotoka kwa shairi moja la Jacques Prévert. Mwenye kuuanzisha ni Delphine Maury, pamoja na nyumba ya filamu Tant Mieux Prod. Kanuni yake ni nyepesi: kila msimu mshairi mmoja, mashairi 13, filamu 13, kila filamu dakika tatu hivi. Wanaozitengeneza ni vijana waliotoka sasa hivi katika shule za katuni, na kwa wengi wao hiyo ndiyo kazi ya kwanza ya kulipwa. Walianza na Prévert, wakafuata Robert Desnos, kisha Guillaume Apollinaire, na wengine baadaye.

Vijana wengi wanaochora huku kwetu wanatuuliza namna gani kazi kama ile inafanyika, na kama wao pia wanaweza. Makala hii inajibu kwa kumfuata mshairi mmoja, Apollinaire, na shairi lake moja, Le Pont Mirabeau.

Mshairi aliyependa sinema

Apollinaire alizaliwa Roma mwaka 1880, mama yake akiwa wa ukoo wa Kipoland. Alikuja Paris angali kijana, akawa rafiki wa wachoraji kama Picasso. Mwaka 1913 alitoa kitabu cha mashairi, Alcools. Kilipokuwa kinatayarishwa kuchapwa, alifanya kitu kilichoshangaza watu: alifuta mikato na nukta zote, tangu shairi la kwanza mpaka la mwisho. Kwa maoni yake, mwendo wa shairi na pahali mstari unapokatika vilitosha kumwongoza msomaji.

Hicho ni kimoja kati ya vitu vinavyofanya tumhesabu kati ya washairi wa usasa, yaani wale wa mwanzo wa karne ya 20 waliovunja sheria za zamani ili ushairi ufanane na wakati wao, wakati wa magari, ndege, simu na miji mikubwa. Wasomaji wa Kiswahili watakumbuka kwamba sisi pia tulikuwa na ubishi wa namna hiyo miaka ya 1970, wakati Euphrase Kezilahabi wa Tanzania alipoandika mashairi pasipo vina na mizani, na wazee wa ushairi wakasema hayo si mashairi.

Apollinaire hakuishia hapo. Katika kitabu chake cha mwaka 1918, Calligrammes, alipanga herufi zenyewe ziwe picha. Shairi la mvua limeandikwa kwa mistari mitano inayoteremka ukurasa, herufi moja chini ya nyingine, sawa matone kwenye kioo cha dirisha. Ukiliangalia unaona ni kama picha imesimama inangojea mtu aisukume itembee.

Tena hiyo si mawazo yetu tu. Filamu ya katuni na ushairi wa usasa ni watoto wa wakati mmoja. Mwaka 1908 Émile Cohl alionyesha Paris filamu yake Fantasmagorie, moja ya katuni za kwanza kabisa zilizochorwa kwa mkono. Mwaka 1914 mchoraji Léopold Survage alitaka kufanya filamu ya rangi na maumbo tu, pasipo mtu wala hadithi. Alikwisha kuchora picha zaidi ya mia moja, na ni Apollinaire aliyechapa maelezo ya kazi hiyo katika gazeti lake Les Soirées de Paris. Vita vya Kwanza vya Dunia vikaanza, filamu haikufanyika. Mwaka 1917, akiwa amekwisha kujeruhiwa kichwani na kipande cha bomu, Apollinaire alitoa hotuba mjini Paris akasema washairi wa kesho watapaswa kutumia sinema na mashine ya kurekodi sauti kama vile wanavyotumia kalamu. Mwaka uliofuata, tarehe 9 Novemba 1918, alikufa kwa homa kubwa iliyokuwa inazunguka dunia. Alikuwa na miaka 38. Siku mbili baadaye vita vikaisha.

Kwa hiyo mtu anayefanya filamu kutoka mashairi ya Apollinaire hamlazimishi marehemu. Anafanya kitu ambacho marehemu mwenyewe alikitabiri.

Shairi lenyewe linasema nini

Le Pont Mirabeau lilitoka mara ya kwanza mwaka 1912. Daraja la Mirabeau ni la chuma, linavuka mto Seine ndani ya Paris. Apollinaire alikuwa ameachana na mchoraji Marie Laurencin. Katika shairi, mtu yuko juu ya daraja, anaangalia maji yanapita chini. Mapenzi yanakwenda kama maji, siku na majuma yanakwenda, hakuna kinachorudi, ila yeye anabaki palepale. Beti ni nne, na kila ubeti unafuatwa na kiitikio kilekile cha mistari miwili. Mwishoni mstari wa kwanza kabisa unarudi. Hakuna hadithi zaidi ya hiyo. Hakuna adui, hakuna safari, hakuna mtu anayepata ao kupoteza kitu mbele ya macho yetu, juu kila kitu kimekwisha kupotea kabla shairi halijaanza.

Hapo ndipo ugumu unapoanza. Hadithi ya sungura na fisi inampa mchoraji kazi ya kufanya: huyu anakimbia, huyu anaanguka. Shairi la usasa mara nyingi halina "kisha ikawaje". Lina hali ya moyo, lina sauti, lina picha zinazogusana. Mchoraji anapaswa kutafuta mwenyewe ni kitu gani kitatembea kwenye skrini.

Kazi inaanza kwa sikio

Watu wengi wanafikiri filamu ya katuni inaanza na penseli. Kwa shairi, afadhali ianze na sauti. Sababu ni mbili.

Ya kwanza ni ya kazi. Katika katuni, mchoro unapimwa kwa sauti, si sauti kwa mchoro. Ukijua kwamba neno fulani linatoka kwenye sekunde ya 14, unajua ni mchoro wa ngapi utakaokuwa kwenye skrini wakati huo. Ukichora kwanza na kurekodi baadaye, msomaji atalazimika kukimbia ao kuvuta maneno ili afuate picha, na shairi litasikika kama tangazo la biashara.

Sababu ya pili ni ile mikato na nukta zilizofutwa. Kwa kuwa mshairi hakuonyesha pahali pa kupumua, ni msomaji anayechagua. Akipumua baada ya neno hili, maana inakwenda upande huu. Akipumua mbele kidogo, inageuka. Kumbe yule anayesoma mbele ya mikro ndiye anayetia nukta za shairi. Sisi wa redio tunajua jambo hilo vizuri: karatasi moja ya habari ikisomwa na watu wawili inakuwa habari mbili.

Kwa Le Pont Mirabeau tuna bahati ya ajabu. Mwezi wa Desemba 1913, profesa Ferdinand Brunot, aliyekuwa anakusanya sauti za watu kwenye chuo kikuu cha Sorbonne, alimrekodi Apollinaire mwenyewe akisoma shairi hili. Sauti ipo mpaka leo. Anasoma polepole, karibu kuimba, na kila mstari anauvuta mwishoni. Si vile wengi wetu tulifundishwa kulisema darasani.

Hesabu ya michoro

Kisha inakuja hesabu, na hesabu haina huruma. Sinema inapitisha picha 24 kwa sekunde. Dakika tatu ni sekunde 180, kwa hiyo picha 4.320. Wachoraji wengi wanapunguza kwa kuacha kila mchoro mara mbili, yaani michoro 12 kwa sekunde, na jicho bado linaona mwendo mzuri. Inabaki michoro 2.160. Mtu mmoja akiweza michoro 20 kwa siku, atatumika siku 108 pasipo kupumzika hata Siku ya Mungu, na hapo hatujahesabu rangi.

Ndiyo maana kabla ya kuchora, watu wa kazi hii wanafanya kwanza vipande vya mpango: visanduku kwenye karatasi, kama kitabu cha katuni, kila kisanduku kinaonyesha kitakachoonekana na sekunde zake. Wanavipiga picha, wanaviweka juu ya sauti, wanapata filamu mbaya isiyotembea lakini yenye urefu wa kweli. Hapo ndipo makosa yanasahihishwa, juu kufuta kisanduku ni dakika moja, na kufuta michoro 200 iliyokwisha ni siku kumi.

Shairi lenyewe linaweza kusaidia hesabu. Angalia kile kiitikio kinachorudi mara nne. Tuseme kila mara kinachukua sekunde kumi. Ukichora mara moja michoro 120 na kuirudisha mara nne, umepunguza michoro 360. Siku 108 zimekuwa 90. Lakini faida si ya muda tu. Mtazamaji anapoona picha ileile inarudi, anasikia ndani yake kile shairi linachosema: kila kitu kinapita na mtu huyu bado yuko palepale. Na kama mara ya nne utabadilisha kitu kidogo tu, tuseme taa moja imezimika ao kivuli cha pili hakipo tena, mtazamaji ataona haraka kuliko kama ungeandika maneno makubwa.

Namna ya kuchora nayo inasema kitu. Vipande vya karatasi vinavyosogezwa chini ya kamera vina mwendo mgumu kidogo, kama mchezo wa watoto. Mchanga juu ya kioo chenye taa chini yake unamwagika na kupotea, na mchoro wa kwanza unakufa ili wa pili uzaliwe. Rangi ya mafuta kwenye kioo vilevile. Kwa shairi la maji na kusahau, mchanga unafanya nusu ya kazi pasipo neno. Kwa shairi la mashine na mji, labda karatasi iliyokatwa na mkasi itafaa zaidi. Kompyuta inaweza kuiga yote hayo, lakini sherti ujue kwanza unaiga nini na juu ya nini.

Mitego mitatu

Mtego wa kwanza ni kuchora kila neno. Shairi linasema maji, unaonyesha maji. Linasema mikono, unaonyesha mikono. Linasema usiku, skrini inakuwa nyeusi. Mtazamaji anapokea kitu kimoja mara mbili, na baada ya nusu dakika anachoka. Ni kama mtangazaji wa mpira anayekaa kwenye televisheni na kueleza "mchezaji amepiga mpira" wakati wote tumeona. Kwenye redio maneno yale yanahitajika, juu hakuna picha. Penye picha, maneno na mchoro sherti vigawane kazi. Kama sauti inasema mapenzi yamekwenda, picha inaweza kuonyesha viatu viwili mlangoni, kisha pea moja.

Mtego wa pili ni kinyume chake: kuogopa shairi mpaka kuligeuza hadithi nyingine kabisa, yenye mwanzo, ugomvi na harusi, na maneno ya mshairi yamebaki kelele nyuma. Hapo afadhali mtu aandike hadithi yake mwenyewe.

Mtego wa tatu ni kujaza. Le Pont Mirabeau likisomwa kwa mwendo wa kawaida linamalizika katika dakika moja na kidogo. Filamu ina dakika tatu. Nafasi inayobaki si ya kujaza muziki tangu mwanzo mpaka mwisho. Ni pahali ambapo mstari uliosikika unaendelea kutumika kichwani mwa mtazamaji. Mtu anayelipa siku nzima kwa sekunde mbili za picha anaogopa kuziacha kimya, na tunamwelewa, lakini shairi linahitaji kimya kile kama vile wimbo unavyohitaji pumzi.

Kuna hata waliofika mbali na shairi na bado wakabaki waaminifu kwake. Yuri Norstein wa Urusi alitoa mwaka 1979 filamu ya dakika 29, na jina lake, Hadithi ya Hadithi, alilichukua kwa shairi la Nâzım Hikmet, mshairi wa usasa wa Uturuki aliyefungwa miaka mingi na kufa uhamishoni Moscow mwaka 1963. Ndani ya filamu hausikii shairi likisomwa. Kuna mbwa mwitu mdogo, vita, wanawake wanaocheza dansi na waume zao wanatoweka mmojammoja, mtoto na tofaa kwenye theluji. Alichochukua Norstein ni namna shairi linavyopanga vitu: picha moja kando ya nyingine, pasipo kueleza. Mwaka 1984, kule Los Angeles, wataalamu waliitaja filamu hiyo kuwa katuni bora kuliko zote.

Shairi ni la nani?

Hili ni jambo ambalo vijana wengi wanaliruka, na ndilo linaloweza kuizuia filamu isionyeshwe pahali popote. Kufanya filamu kutoka shairi ni kutumia mali ya mtu. Hapa Kongo, Ordonnance-loi namba 86-033 ya tarehe 5 Aprili 1986 inalinda kazi ya mwandishi maisha yake yote na miaka 50 baada ya kifo. Ufaransa ni miaka 70, na waandishi waliokufa kwa ajili ya taifa wanaongezewa miaka 30, pamoja na nyongeza za miaka ya vita. Ndiyo sababu Apollinaire, aliyekufa 1918, aliachiliwa kule Ufaransa mwezi wa Septemba 2013 tu. Leo kila mtu anaweza kulitumia Le Pont Mirabeau, kulitafsiri kwa Kiswahili, kulifanya filamu, pasipo kuomba ruhusa wala kulipa. Jina lake tu sherti libaki.

Prévert ni kitu kingine. Alikufa 1977. Kwa hesabu ya Ufaransa, mashairi yake yanalindwa mpaka mwisho wa 2047. Usidhani kwamba kuwa Bukavu ao Lubumbashi kunakuweka mbali na hesabu hiyo: filamu ikiwekwa kwenye intaneti, inaonekana na Ufaransa pia. Kumbuka tena kwamba tafsiri ya mtu mwingine ina mwenyewe, hata kama shairi la asili ni huru, na sauti iliyorekodiwa ina haki zake pembeni. Kwa kazi za waandishi wa hapa, pahali pa kuuliza kwanza ni SOCODA, kisha familia ya mwandishi. Ruhusa iwe kwa maandishi. Neno la mdomoni halimfikishi mtu kwenye festivali.

Na hapa kwetu?

Katuni si kitu kigeni Kongo. Jean-Michel Kibushi, mzaliwa wa Sankuru, alitoa mwaka 1991 filamu ya chura anayekwenda kwa wakwe zake, kutoka hadithi ya Watetela. Mwaka uliofuata alitoa Kinshasa, septembre noir, juu ya uporaji wa Septemba 1991, akitumia michoro ya watoto walioona mambo yale kwa macho yao. Ile filamu ya pili inatufundisha kitu kwa shauri letu. Mchoro wa mtoto hauelezi siasa ya wakati ule. Unaonyesha gari, askari, gunia kichwani, na mtazamaji anaunganisha mwenyewe. Hiyo ni njia ya ushairi hata kama hakuna shairi lililoandikwa.

Washairi wa usasa nao hawakosi upande wetu. Tchicaya U Tam'si, mzaliwa wa Kongo ya ng'ambo ya mto, alikuja Léopoldville mwaka 1960, na kitabu chake Épitomé cha mwaka 1962 kimebeba maumivu ya siku zile. Alikufa 1988, basi kwa sheria yetu kazi yake inalindwa mpaka 2038. Si kusema haiguswi. Ni kusema mtu aombe.

Anayetaka kuanza leo asianze na dakika tatu. Achukue mistari minne ya shairi lililo huru, ao lake mwenyewe. Alisome kwa sauti mara kumi, arekodi kwa simu, achague usomaji mmoja. Apange visanduku sita. Achague mchanga, karatasi ao penseli, aweke simu juu ya meza isitikisike, apige picha moja baada ya nyingine. Sekunde 20 ni michoro 240, kazi ya siku 12 kwa mwendo ule tuliohesabu juu. Akimaliza, amwonyeshe mtu asiyelijua lile shairi na amuulize swali moja ambalo darasani halikuulizwa: umeona nini?